Nyuzi mbili badala ya nane: Facebook ilivyoifikia gigabiti 100 kwa kuomba kifaa hafifu

Novemba 2014 Facebook ilifungua kituo cha data huko Altoona, mji wa jimbo la Iowa, Marekani, na wakati huohuo wahandisi wake wakaeleza hadharani jinsi mtandao wa ndani ya jengo lile ulivyopangwa. Mchoro wao ulisambaa sana miongoni mwa watu wa mitandao, na ulistahili. Lakini kilichonivutia mimi zaidi kilikuja miaka miwili mitatu baadaye, mtandao ule ulipotakiwa kuhama kutoka gigabiti 40 kwenda gigabiti 100 kwa kila kiungo. Transiva za faiba za kasi hiyo, yaani vifaa vidogo vinavyochomekwa kwenye swichi kugeuza umeme kuwa mwanga na mwanga kuwa umeme, zilikuwepo sokoni, ila nyingi ziliundwa kwa mahitaji ya kampuni za simu, na bei yake ilikuwa ya kampuni za simu. Facebook haikutafuta transiva bora kuliko hizo. Iliomba iliyo hafifu: inayofika karibu zaidi, inayovumilia upotevu mdogo zaidi wa mwanga, na inayostahimili joto kwa kiwango kidogo zaidi. Kisha ikahakikisha jengo na swichi zake haziugusi udhaifu huo.

Kwa mbali hilo linaonekana kama kubana matumizi tu. Ukizifuata hesabu zake, unakuta mtu aliyeijua kazi yake hadi kwenye desibeli ya mwisho.

Nyaya zilivyoongezeka

Kabla ya Altoona, seva za Facebook zilipangwa kwa makundi makubwa yaliyoitwa klasta. Kila raki, yaani kabati la seva, ilikuwa na swichi yake, kifaa cha kuunganisha mashine kwenye mtandao, na swichi hizo zote ziliunganishwa na swichi nne kubwa za klasta. Muundo ulifanya kazi, lakini ukubwa wa klasta ulifungwa na idadi ya porti, matundu ya kuchomekea nyaya, ambazo swichi kubwa kuliko zote sokoni ingeweza kubeba, na swichi za namna hiyo zilitengenezwa na kampuni chache mno. Ikizimika moja, robo ya uwezo wa klasta nzima imeondoka. Wakati huo trafiki ya mashine kwa mashine ilikuwa ikijizidisha mara mbili katika muda usiofika mwaka. Mtu mmoja anafungua ukurasa wake kwenye simu, na nyuma yake seva chungu nzima zinaulizana na kujibizana kabla picha ya kwanza haijatokea.

Altoona iliziacha swichi kubwa. Raki zilipangwa kwa vikundi vidogo, podi, kila podi ikiwa na raki 48. Swichi ya kila raki ilitoa viungo vinne vya gigabiti 40, kimoja kwa kila swichi kati ya nne za podi. Kila moja ya hizo nne ilikuwa na viungo 48 vya kushuka kwenye raki na nafasi ya viungo 48 vya kupanda kwenye swichi za uti wa mgongo, ambazo nazo zilipangwa kwa matabaka manne yanayojitegemea. Swichi yoyote ikifa, trafiki inapita kwa jirani zake na hakuna anayeamshwa usiku.

Sasa hesabu. Viungo vya kushuka ni 48 mara nne, yaani 192. Vya kupanda ni 192 vingine. Podi moja ikijaa ina viungo 384, na jengo lina podi nyingi. Swichi kubwa zilizoondolewa zilikuwa na waya zao ndani ya bodi, zimefichwa. Muundo mpya ulizitoa nje na kuzifanya faiba. Kwa hiyo anayesema Altoona iliondoa vifaa vya gharama kubwa anasema nusu ya habari. Sehemu ya gharama ilihamia kwenye trei za juu ya raki na kwenye paneli za faiba, na huko ndiko uamuzi wa gigabiti 100 ulikokwenda kufanyikia.

Njia zilizokuwepo mezani

Ya kwanza ilikuwa faiba ya maltimodi, ambayo vyumba vingi vya seva duniani vinaitumia hadi leo. Kiini chake kina upana wa mikromita 50, leza zake ni za bei nafuu, na fundi hahangaiki sana kuilenga. Tatizo lake ni kwamba kila kasi inapopanda, umbali unakatwa. Kwa gigabiti 10, faiba ya daraja la OM3 inafika mita 300 na OM4 inafika 400. Kwa gigabiti 40, ni mita 100 na 150. Kwa gigabiti 100 ya SR4, aina ya transiva ya maltimodi, ni mita 70 na 100. Aliyelaza OM3 ya mita 200 akiwa na gigabiti 10 alikuwa na nafasi ya kutosha. Alipofika gigabiti 40 faiba ileile haikumfaa tena, na yeye hakuwa amekosea chochote. Jengo lenye ukubwa wa lile la Altoona lina viungo vinavyovuka mita 100 bila shida, kwa hiyo maltimodi ilitoka mapema. Sababu nzito zaidi ilikuwa kwamba faiba iliyolazwa ilitakiwa idumu kwa vizazi kadhaa vya swichi, wakati swichi zenyewe zinabadilishwa kila baada ya miaka michache.

Ikabaki singomodi, yenye kiini cha mikromita tisa hivi, ambayo kwa umbali wa ndani ya jengo haikatwi miguu na kasi. Hapo nako kulikuwa na njia tatu.

LR4 ilikuwa ile ya kampuni za simu. Inafika kilomita 10 kwa nyuzi mbili tu, moja ya kwenda na moja ya kurudi, kwa kupitisha rangi nne za mwanga ndani ya uzi mmoja. Rangi hizo zimebanana, zimeachana kwa nanomita nne na nusu hivi. Leza ikipata joto rangi yake huhama, kwa hiyo leza za LR4 zinahitaji kipoza joto kidogo ndani ya transiva kuzishika mahali pamoja. Kipoza joto hicho kinakula umeme na kinaongeza bei.

PSM4 ilikuwa kinyume chake. Haina rangi nne: inatumia nyuzi nane, nne za kwenda na nne za kurudi, kila uzi ukibeba gigabiti 25. Inafika mita 500. Ndani yake hakuna kichanganyio cha rangi, na leza moja inaweza kugawiwa njia zote nne, kwa hiyo transiva yenyewe ni rahisi kuitengeneza. Microsoft ilikuwa miongoni mwa wanunuzi wakubwa wa PSM4, na sioni kama ilikosea. Inategemea jengo lako, faiba uliyokwisha kuilaza, na bei unayopata.

Ya tatu ni CWDM4, iliyoandikwa na muungano wa watengenezaji mwaka 2014. Nyuzi mbili, rangi nne, lakini safari hii rangi zimeachana kwa nanomita 20: 1271, 1291, 1311 na 1331. Nafasi hiyo pana inairuhusu leza ihamehame na joto bila kuingia kwenye eneo la jirani, kwa hiyo kipoza joto hakihitajiki. Transiva hiyo pia inaruhusiwa kukosea. Kiwango chake kinakubali kosa la biti moja katika kila biti 20,000, kwa sharti kwamba chipu ya swichi ndiyo itakayoyasahihisha makosa hayo kwa hesabu za ziada zilizobebwa pamoja na data. Mtu wa mitandao ya zamani akisikia hivyo anashika kichwa. Lakini chipu za kizazi kile zilikuja na uwezo huo tayari, na kutoutumia kungekuwa sawa na kulipia kitu na kukiacha dukani.

Facebook ilichagua CWDM4. Kwa nyuzi mbili kwa kiungo, podi yenye viungo 384 inahitaji nyuzi 768. Kwa nyuzi nane ingehitaji 3,072. Na hali halisi ingekuwa nzito zaidi, kwa sababu kiunganishi cha kawaida cha faiba za sambamba, MPO, kina nyuzi 12 kwenye mstari mmoja, na katika nyaya nyingi za namna hiyo nyuzi nne za katikati hulala giza. Hapo unalipia nyuzi 4,608, na 1,536 kati yake hazitawaka kamwe.

Ikumbukwe kwamba usoni pa swichi tofauti hii haionekani. Transiva ya PSM4 na ya CWDM4 zote zinaingia kwenye porti ileile ya QSFP28, umbo la kawaida la transiva za gigabiti 100, kila moja na plagi moja, na uso wa swichi ya yuniti moja (kipimo cha kimo ndani ya raki) unabeba 32 za namna hiyo. Tofauti inaanzia nyuma: kwenye unene wa mashada ndani ya trei, kwenye idadi ya paneli, na kwenye saa za mafundi. Paneli ya yuniti moja yenye viunganishi vya LC, ambavyo kijiti chake kina kipenyo cha milimita 1.25, nusu ya kile cha SC, inabeba jozi 72, yaani nyuzi 144. Katalogi zinaipenda sana namba hiyo. Fundi anayetakiwa kuchomoa jozi moja ya katikati kwa vidole vya mtu mzima bila kutikisa za jirani ana maoni yake.

Ndiyo maana MPO haikutoweka hata kwenye mpango wa nyuzi mbili. Kwa safari ndefu kati ya vyumba bado ni rahisi kuvuta shada zito lenye vichwa vya MPO pande zote mbili, kisha kulifungua ndani ya kaseti, kisanduku kidogo cha kwenye paneli, kuwa jozi za LC. Ila hapo MPO inabaki ndani ya paneli, imefungwa mara moja na mtu anayejua, na wa zamu ya usiku anagusa LC peke yake. Jozi ya LC ikiwekwa kinyume, unazibadilisha nafasi na kazi imekwisha. MPO ina mpangilio wa nyuzi wa aina tatu, A, B na C, ina vichwa vyenye pini na visivyo na pini, na ikiwa ya singomodi uso wake kwa kawaida umekatwa kwa mteremko wa digrii nane. Ukivikutanisha vichwa viwili visivyo na pini, vitaingia, vitalia "kli", na mwanga utapita nusunusu au hautapita kabisa.

Kushusha kiwango

Kuchagua CWDM4 hakukutosha. Kiwango cha muungano kilisema kilomita mbili, upotevu wa hadi desibeli 5, na joto la kasha la transiva kati ya nyuzijoto 0 na 70. Facebook iliandika toleo lake, CWDM4-OCP, na kulikabidhi kwa Open Compute, jumuiya ya kampuni zinazoshirikishana michoro ya vifaa vya vituo vya data, ili mtengenezaji yeyote alitumie: mita 500, desibeli 3.5, na joto la kati ya 15 na 55.

Tuanze na desibeli, kwa sababu hapo watu wengi huteleza. Desibeli 3 maana yake nusu ya mwanga imepotea. Bajeti ya desibeli 5 inaruhusu ubaki na chini kidogo ya theluthi ya mwanga uliotuma; bajeti ya 3.5 inakutaka ubaki na asilimia 45 hivi. Kwa masikio ya fundi hiyo ni tofauti kubwa, na mtu angedhani imetokana na kufupisha umbali. Si kweli, au ni kweli nusu. Faiba ya singomodi ya ndani ya jengo inapoteza nusu desibeli kwa kilomita ukiihesabia kwa uchoyo. Kilomita mbili zinakula desibeli 1. Mita 500 zinakula robo. Kufupisha umbali kumeokoa 0.75 tu. Lakini bajeti ilikatwa kwa 1.5. Hiyo 0.75 nyingine ilitoka wapi?

Ilitoka kwenye maungio. Viwango vya kebo vinaruhusu kila mahali ambapo vichwa viwili vya faiba vinakutana papoteze hadi desibeli 0.75, kwa hiyo nusu ya pili ya punguzo ni sawa na kusema: katika njia zetu hatutakuwa na ungio moja baya ambalo wengine wanalo. Hebu ipige hesabu nzima. Toa robo ya faiba kutoka 3.5, inabaki 3.25. Kila ungio likiwa baya kwa kiwango kinachoruhusiwa, unapata maungio manne na desibeli 0.25 ya kupumulia. Yakiwa mazuri, ya nusu desibeli kila moja, unapata sita. Njia ya kawaida ndani ya jengo kama lile, kutoka paneli ya safu ya raki hadi paneli ya chumba cha swichi za kati, inaangukia humohumo. Kwa maneno mengine, umbali haukuwa tatizo tangu mwanzo. Kwenye mita 500 urefu ni kama haupo. Kilichobaki cha kusimamia ni idadi ya mahali ambapo faiba inakatwa na usafi wa kila mahali hapo.

Usafi nao hauna mzaha kwenye singomodi. Chembe ya vumbi ambayo kwenye kiini cha mikromita 50 ingepunguza mwanga kidogo, kwenye kiini cha mikromita tisa inaweza kuziba njia nzima. Upo mpaka utaratibu wa kimataifa wa kukagua uso wa faiba kwa darubini, IEC 61300-3-35, unaosema mikwaruzo na madoa mangapi yanaruhusiwa katika eneo lipi la uso. Aliyejinyima desibeli 1.5 kwa hiari yake hawezi tena kuchomeka faiba aliyoifuta kwa shati.

Sasa joto. Leza za aina hii huhama kwa takriban nanomita 0.1 kwa kila nyuzijoto moja. Katika masafa ya 0 hadi 70, rangi inatembea nanomita saba. Katika masafa ya 15 hadi 55, inatembea nne. Zote mbili zinaingia ndani ya nafasi ya nanomita 20, kwa hiyo mtu anaweza kuuliza kwa nini ujisumbue. Jibu liko kiwandani. Leza ikichemka inatoa mwanga hafifu na inadai umeme zaidi, na vifaa vingi vinavyokataliwa kwenye majaribio vinakataliwa kwenye ncha za joto, si katikati. Ukizikata ncha, sehemu iliyokuwa ikitupwa inakuwa mali. Majaribio yenyewe pia yanafupika. Hakuna teknolojia mpya iliyobuniwa. Ni leza ileile, kichanganyio kilekile, ila mnunuzi amesema hahitaji kuhakikishiwa kwamba itafanya kazi ndani ya sanduku la chuma juu ya mnara kwenye theluji.

Hapa kuna gharama ambayo haitajwi na wanaousifu uamuzi huu. Transiva yenye kikomo cha 55 inakabidhi kazi ngumu kwa anayetengeneza swichi. Backpack, swichi ambayo Facebook iliitambulisha Novemba 2016, ina porti 128 za gigabiti 100. Zipe porti zote transiva za wati 3.5, na umeweka wati 448 kwenye transiva peke yake, kabla hujahesabu chipu. Joto lote hilo lazima liondolewe kwa hewa, na hakuna transiva hata moja inayoruhusiwa kuvuka 55. Ndiyo sababu kasha la Backpack lilipangwa upya: kadi za porti zinakutana na kadi za nyuma moja kwa moja kwa pembe mraba, bila ubao mkubwa wa katikati wa kuzuia upepo. Ukilinganisha na mtangulizi wake wa 2015, 6-pack, iliyokuwa na porti 128 za gigabiti 40 na ilijengwa kwa kurudiarudia bodi ya swichi ndogo ya Wedge, utaona kwamba mabadiliko mengi ya umbo yanahusu hewa.

Kwa hiyo pesa iliyookolewa kwenye transiva ilirudi kwa sehemu kwenye feni na mabati. Bado hesabu inalipa, kwa sababu kasha ni moja na transiva zake ni 128, na kila kiungo kina transiva mbili. Lakini analipa mwenye idara ya kubuni swichi zake mwenyewe. Anayenunua swichi ya dukani hana uwezo wa kuhamisha gharama kwa namna hiyo.

Nyuzi zilizookolewa zilivyotumika

Mwaka 2019 swali lilirudi kwa sura nyingine. Kila raki ilikuwa ikipata viungo vinne vya gigabiti 100, na mahitaji yakawa yanaelekea terabiti 1.6, yaani gigabiti 1,600, kwa raki. Njia iliyoonekana dhahiri ilikuwa kubaki na matabaka manne na kupandisha kila kiungo hadi gigabiti 400. Facebook ilikataa. Transiva za 400 wakati ule zilikula umeme mwingi na upatikanaji wake kwa wingi ulikuwa wa mashaka. Badala yake iliacha kasi ya kiungo palepale, gigabiti 100, transiva ileile ya CWDM4-OCP, na kuongeza matabaka kutoka manne hadi 16. Muundo huo ukaitwa F16. Swichi yake, Minipack, ilibeba porti 128 za gigabiti 100 ndani ya yuniti nne kwa chipu moja ya terabiti 12.8, kwa nusu ya umeme na nusu ya nafasi ya Backpack.

Kwa maoni yangu hapa ndipo kisa kinapofungwa fundo. F16 inataka faiba mara nne kwa kila raki. Kwa nyuzi mbili kwa kiungo, raki inatoka nyuzi nane hadi 32. Jaribu kufikiri wangekuwa wamechagua njia ya nyuzi nane miaka mitatu kabla: raki ingetoka nyuzi 32 hadi 128, na raki 48 zingetoa nyuzi 6,144 badala ya 1,536. Sidhani kama kuna mtu angelipeleka pendekezo la matabaka 16 mezani akiwa na hesabu hiyo mkononi. Wangesukumwa kwenye gigabiti 400 kabla haijaiva. Uamuzi wa transiva hafifu ulikuwa umewanunulia nafasi ya kukataa, na sina hakika kama waliuona hivyo walipoufanya.

Mwaka 2021, kampuni ikiwa imejipa jina la Meta, zilikuja swichi za Wedge 400 na Minipack2 pamoja na transiva za gigabiti 200 aina ya FR4. Rangi ni zilezile nne, nyuzi ni zilezile mbili, kilichobadilika ni kwamba kila rangi inabeba gigabiti 50. Transiva hizo zinaweza pia kushuka na kuzungumza na CWDM4 ya zamani, kwa hiyo upande mmoja wa kiungo unaweza kubadilishwa leo na wa pili baadaye, na faiba iliyolala kwenye trei haiguswi.

Nyuzi nane zimerudi hata hivyo, kupitia mlango wa akili bandia. Swichi za Quantum-2 za NVIDIA zina yuniti moja tu ya urefu na porti 32 za OSFP, umbo la transiva kubwa kuliko QSFP28, kila porti ikigawika kuwa mbili za gigabiti 400, na transiva zake za kawaida zina vichwa viwili vya MPO kila moja. Zidisha nyuzi nane kwa vichwa 64: nyuzi 512 zenye mwanga zinatoka kwenye uso wa yuniti moja. Kwenye klasta za namna hiyo viungo vingi ni vifupi, chipu za hesabu ndizo zinazokula bajeti karibu yote, na anayenunua hahesabu bei ya faiba kwa uchungu uleule. Kwa hiyo siwezi kusema nyuzi mbili ni jibu la kila mahali. Lilikuwa jibu la jengo refu lenye seva za kawaida na mwenye jengo aliyepanga kukaa miaka mingi.

Wa chumba kidogo

Benki au hospitali yenye chumba kimoja cha seva na mtandao wake wa hifadhi haina sababu ya kuiga haya. Umbali kati ya swichi ya hifadhi na makabati ya diski kwa kawaida ni makumi machache ya mita. OM4 inabeba Fibre Channel, itifaki ya mitandao ya hifadhi, ya gigabiti 16 hadi mita 125 na ya gigabiti 32 hadi mita 100, leza zake ni rahisi, na vumbi kidogo linasameheka. Mtandao wa hifadhi pia una tabia yake: fremu ikiharibika njiani, hakuna anayeituma tena harakaharaka kama ilivyo kwenye mtandao wa kawaida. Seva inangoja, muda unakwisha, na hifadhidata inagoma kwa sababu ambayo kwenye skrini haifanani kabisa na uchafu wa faiba. Huko ningeweka pesa ya ziada kwenye nafasi ya desibeli, si kuipunguza.

Hali ya hewa nayo inaingia. Transiva ya 15 hadi 55 imeandikwa kwa jengo ambalo hewa yake inasimamiwa saa zote. Chumba cha Mombasa au Dar es Salaam ambacho kiyoyozi kinazima umeme ukikatika, huku swichi ikiendelea kula betri hadi jenereta ishike, kinaweza kupanda nyuzijoto kadhaa ndani ya dakika chache, na kasha la transiva siku zote lina joto kuliko hewa inayolizunguka. Transiva ya 0 hadi 70 inapita hapo bila kujua. Ile nyingine inaweza kuanza kutoa makosa, chipu ikayasahihisha kimya kimya, hadi yakavuka uwezo wake na kiungo kikakatika ghafla.

Hili lina uzito kwa sababu transiva za daraja hili zinauzwa pia sokoni, na zote kwa nje zina umbo lile la QSFP28. Muuzaji akitaja 100G CWDM4 bila kusema zaidi, uliza kama ni ya kilomita mbili au ya mita 500, na usome masafa ya joto kwenye karatasi ya maelezo kabla hujaangalia bei. Kisha angalia kama chipu ya swichi yako inafanya usahihishaji wa makosa kwenye porti hiyo na kama umewashwa pande zote mbili. Ukiwashwa upande mmoja tu, kiungo hakitainuka, na kabla ya kuomba transiva nyingine ni afadhali kuanzia hapo.